Nyumba ya Kina Tabita Ilivyozidi Thamani

Ukishika mwisho wa tepu ukutani, usimwangalie mwenye nyumba usoni. Angalia tepu isilegee, angalia kidole chako kisibanwe, angalia kama ukuta unaanzia pale unapodhani unaanzia. Usoni kwa mwenye nyumba hakuna kipimo. Hilo lilikuwa somo langu la kwanza kutoka kwa Mzee Idi, mthamini wa majengo, Mrangi wa Kondoa, aliyenitoa kwenye kuchanganya zege kule Kizota akanifanya msaidizi wake. Nawaambia ninyi vijana mnaoanza kazi hii kwa sababu mimi nimeshaiacha, mgongo umekataa, na kila mkinikuta nimekaa nje mnaniuliza swali lilelile: mzee, kazi yenyewe ilikuwaje?

Ilikuwa hivi. Mthamini anaandika, mimi nashika. Yeye alisoma, ana muhuri. Mimi niliacha shule darasa la sita. Baba alimfuata mama kaburini kabla sijafika la saba, nikabaki na wadogo wanne katika tembe letu la udongo nje kidogo ya mji. Watu huniuliza kama ndugu walitunyang'anya. Hapana. Hakuna baba mdogo wala mjomba aliyekuja kuligombania tembe lile. Paa lilikuwa linavuja na zizi lilikuwa na samadi bila ng'ombe. Kwa kuwa halikuwa na bei, tulibaki nalo. Miaka mingi baadaye, nikiwa nashika tepu kwenye nyumba za yatima walioachiwa vitu vya maana, ndipo nilipoelewa kwamba sisi tulipata bahati ya aina yake. Siwatakii bahati hiyo.

Tuanze na mambo ya mkononi, maana mengine ni mazito.

Tepu ya kitambaa ikizeeka inavutika, na ikivutika inampunja mwenye nyumba. Itupe. Tepu ya chuma ukiiacha juani mchana itakubabua vidole. Upepo wetu wa kiangazi unaifanya itoe tumbo katikati, kwa hiyo pima asubuhi kabla upepo haujaamka. Gonga ukuta kwa kiungo cha kidole usikie kama tofali ni za saruji au ni udongo uliopigwa lipu. Udongo wa sehemu nyingi huku kwetu unavimba masika na kusinyaa kiangazi, basi usitazame katikati ya ukuta, tazama pembe za madirisha. Ufa unaanzia pale. Panda uangalie kenchi, zile mbao zinazobeba paa, maana mchwa hawana haya, wanakula nyumba ya mheshimiwa na ya mlinzi wake. Ukimuuliza jirani bei ya viwanja, usimuulize anayetaka kuuza. Muulize aliyeuza.

Na usile chakula cha mwenye nyumba kabla hujamaliza kupima. Ukila ugali wake na mlenda, ukuta wake unarefuka. Nimeshuhudia.

Siku hizi mna kile kifaa cha mwanga, unakielekeza ukutani kinakupa urefu hapohapo. Wengine wenu mnadhani nitakisema vibaya. Sikisemi. Kingekuwepo zamani, mbwa wa mtaa wa Kikuyu wasingenirarua suruali nikikimbia na mwisho wa tepu nyuma ya nyumba. Shida yake ni juani tu, kidoti hakionekani, niliona kijana mmoja ameegesha mwavuli, anapima nyumba kama anayeuza miwa. Lakini ni kifaa kizuri. Kinamwambia mthamini urefu. Hakimwambii anapima kwa ajili gani, na hapo ndipo watu wanapoumia.

Kwa sababu nyumba haina bei moja. Mwenye nyumba akitaka mkopo benki, nyumba ni ikulu. Akija mtu wa kodi, ni banda la kuku. Mume na mke wakiachana, mume atakuonyesha kila ufa, hata ule uliochorwa na mtoto kwa mkaa, na mke atakuonyesha marumaru. Hao ni watu waliolala nyumba moja miaka yote. Mzee Idi alikuwa anawasikiliza wote wawili kwa adabu, anatikisa kichwa, kisha ananiambia, "Yona, vuta."

Halafu kuna fidia. Ninyi mliozaliwa mjini mkiwa na lami mlangoni hamjui fidia ilivyotuharibu. Mji ulipokuwa unapanuka, kila barabara mpya na kila jengo jipya lilikula shamba la mtu, na mtu alilipwa kwa kile kilichokutwa juu ya ardhi. Watu wakajifunza upesi. Wakisikia wathamini wanakuja, wanapanda mipapai usiku, wanasimamisha vyumba visivyo na misingi. Wanachomeka mizabibu ardhini, vijiti tu, bila mizizi. Nakumbuka familia moja ilituonyesha kaburi nyuma ya nyumba, maana kaburi nalo lilikuwa linalipwa.

"Hapa amelala nani?" Mzee Idi akauliza.

"Babu," akasema kaka mtu.

"Bibi," akasema mdogo wake, kwa wakati uleule.

Wakatazamana.

"Wote wawili," akasema kaka mtu. "Walikuwa wanapendana sana."

Mzee Idi akachuchumaa, akachota udongo, akaufikicha. Ulikuwa bado na unyevu. "Poleni," akasema. "Naona mmezika asubuhi hii."

Tulicheka njia nzima. Mimi nilikuwa nasimulia kisa hicho kila msiba na kila harusi. Sikujua kwamba tabia ile ya kuipandisha nyumba thamani kabla mthamini hajafika ilikuwa imekaa ndani ya watu kama homa, na kwamba siku moja ingewakuta watoto ambao hakuna aliyekuwa anawalipa fidia yoyote.

Hapa inabidi niwaeleze jambo moja la kesi, kwa namna nilivyolielewa mimi ambaye si mwanasheria. Ukimshtaki mtu kwa ajili ya nyumba, kwenye hati yako ya madai lazima iwepo aya inayosema mali hii ina thamani gani. Watu wanaipita haraka aya hiyo. Wanataka kufika kwenye uchungu wao, nani alimfanya nini nani. Lakini aya hiyo ndiyo inayoamua shauri lisikilizwe wapi. Baraza la ardhi lina kiwango chake. Mali ikizidi kiwango hicho, lazima uende mahakama ya juu, na huko ada ni nyingine, na wakili si wa kuchagua kama unamtaka au humtaki. Kwenye fidia, namba kubwa ni rafiki yako. Kwenye kesi, inaweza kuwa ndiyo inayokufukuza.

Sasa niwaambie habari za Tabita.

Alikuwa fundi cherehani, anashona sare za shule, binti mkubwa kwenye familia ya wanne ukingoni mwa Nkuhungu. Wazazi wao walikufa wakiwaachia nyumba nzuri ya tofali za saruji kwenye kiwanja kikubwa, kilichopimwa zamani wakati hapo palikuwa mashamba. Halafu lami ikapita mbele yake. Mdogo wake aliyemfuata, Elia, alikuwa fundi wa kuchomelea mageti kule Kizota. Waliobaki walikuwa wasichana wawili, Jema na Neema, wote bado shule. Kikao cha ukoo kilimteua baba yao mdogo, Stefano, kusimamia mirathi. Stefano akaiuza nyumba kwa mfanyabiashara wa vipuri vya magari, akahamia Manyoni, akazima simu. Watoto waliipata habari kwa notisi ya kuhama.

Tabita alitaka kitu kimoja tu, nyumba irudi, wote wanne wakae humo. Alikuja ofisini kwetu kwa sababu aliambiwa kesi inahitaji thamani. Alitusalimu, "Shikamooni," akakaa kwenye ukingo wa kiti kama mtu anayengoja kuitwa kwa daktari. Mzee Idi akampa siku.

Tulipofika siku hiyo, nilisikia harufu ya rangi kabla sijaona kitu. Mbele ya nyumba, uso kwa uso na lami, kulikuwa na fremu za maduka zimesimama, mpya, zimepigwa lipu na rangi, milango ya chuma imening'inizwa, mmoja bado unang'aa pale uliposuguliwa. Elia alikuwa amesimama pale akipangusa mikono kwa kitambaa, anatabasamu.

"Shikamoo mzee. Anzia huku mbele, ndiko kwenye mali."

Mzee Idi hakutoa kalamu. "Marahaba. Hizi umejenga lini?"

"Nimemaliza juzi."

"Pesa umetoa wapi?"

"Mkopo wa kikundi, mzee. Na chuma nimechomelea mwenyewe."

"Kwa nini sasa?"

Elia akacheka. "Na wewe mzee! Mthamini anakuja, unamwachia uwanja mtupu? Wenzetu kule barabarani walipanda hadi mipapai. Sisi angalau ni tofali za kweli, gonga usikie."

Niligonga. Zilikuwa za kweli. Laiti zingekuwa za uongo, tungeziacha kama tulivyoliacha lile kaburi.

"Mwanangu," Mzee Idi akasema, "ile ilikuwa fidia. Pale kuna mtu anakulipa. Hapa nani anakulipa? Unadai nyumba yako mwenyewe."

"Si thamani ikipanda wanaona sisi ni watu wa maana, siyo wa kuonewa?"

Tabita alikuwa ametoka ndani, ameshika mkasi wa kushonea. Alisikia yote. Akauliza polepole, "Kwa hiyo mzee, tuzibomoe?"

"Zibomolewe?" Elia akaruka. "Dada, nina mkopo humo! Labda unibomoe mimi kwanza."

Mzee Idi akasema, "Ningekuwa sijaziona, ningewaambia la kufanya. Sasa nimeziona." Akanitazama. "Yona, vuta."

Nikashika mwisho wa tepu. Sikumwangalia Tabita.

Ripoti ilipotoka, thamani ilikuwa imezidi kiwango cha baraza. Ilizidi kidogo, na ziada yenyewe ilikuwa zile fremu tu. Tabita akaenda kuulizia mahakama ya juu. Akarudi ofisini amebeba karatasi ya ada mkononi, haikunji, kama mtu aliyepewa cheti cha kifo asiyejua pa kukiweka. Mawakili wawili walikuwa wamemwambia kiasi cha kuanzia. Hakikuwa kiasi cha mshona sare.

"Mzee," akamwambia Mzee Idi, "huwezi kuipunguza hata kidogo?"

"Siwezi, mama."

"Kidogo tu. Fremu zenyewe hazina hata mpangaji."

"Nikipunguza leo kwa ajili yako, kesho nitapunguza kwa ajili ya huyo aliyenunua nyumba yenu. Muhuri ni huohuo." Akamwelekeza aende kwenye msaada wa kisheria, aombe kusamehewa ada, kwamba sheria inamruhusu asiye na uwezo. "Utangoja, lakini utakuwa umesimama mahali panapotakiwa."

"Nitangoja nikiwa wapi, mzee? Notisi inaisha."

 Hilo mimi nililielewa kuliko Mzee Idi. Mtoto wa kwanza aliyeachiwa wadogo hana kungoja. Tumbo la mdogo wako haliahirishwi.

Kulikuwa na jamaa mmoja mwenye steshenari, anachapa hati za watu. Akamwambia Tabita kwamba hakuna tatizo. Kwenye aya ile wataandika namba ndogo, inayoingia barazani, ada nafuu, na ripoti ya mthamini ibaki kabatini. "Nani atauliza?" akasema. "Kila mtu anaandika hivyo."

Kweli, hakuna aliyeuliza. Shauri likapokelewa. Baraza likatoa zuio, mnunuzi asiguse nyumba mpaka kesi iishe. Tabita alinipigia simu siku hiyo, sauti yake nyepesi, akaniambia, "Baba, tumelala." Maana yake walikuwa wamelala usingizi, kwa mara ya kwanza tangu notisi ije.

Msidhani kesi ile ilikuwa mbovu. Ilikuwa nzuri. Ilichukua muda, ikaahirishwa, ikaahirishwa tena, kama zinavyoahirishwa, lakini wazee wa ukoo walikuja kutoka kijijini wakasema waziwazi kwamba Stefano aliambiwa atunze, hakuambiwa auze. Mmoja wao Kiswahili kilimpiga chenga akamalizia kwa Kigogo, na karani akacheka, na mwenyekiti wa baraza naye akatabasamu. Tabita alihudhuria kila tarehe. Alikuwa anashona usiku ili mchana aende. Nilikuwa nikimkuta njiani namuuliza, na yeye ananijibu, "Tunashinda, baba. Taratibu tu."

Aliyeharibu ni Elia, na hakuharibu kwa ubaya. Yule mnunuzi duka lake la vipuri lilikuwa Kizota, mtaa mmoja na karakana ya Elia, na wote wawili walikuwa wanakula kwa mama ntilie mmoja. Siku moja vijana wa karakana walikuwa wanamtania Elia.

"We Elia, kesi ya kibanda chenu imefika wapi?"

"Kibanda?" Elia akasema. "Kibanda mama yako. Ile nyumba imepimwa na mthamini wa muhuri. Unajua imefika ngapi?" Akaitaja namba. Akaitaja kwa sauti, mara mbili, ili na wale wa meza ya pili wasikie. Mkopo wa zile fremu ulikuwa unamkaba shingo, hazijapata mpangaji kwa sababu ya kesi, na namba ile ndiyo kitu pekee alichokuwa amekipata kutokana nazo. Kijana ataringia nini kingine?

Mnunuzi alikuwa meza ya pili, anakula wali maharage.

Baada ya hapo wakili wake akaomba mthamini aitwe kama shahidi. Hati ya kuitwa ilipofika ofisini, Mzee Idi aliisoma, akaiweka mezani, akaenda kutawadha. Asubuhi ya tarehe ya kesi nilimsindikiza. Nilimuuliza njiani, "Mzee, utasema nini?"

"Nitasema nitakachoulizwa."

"Na wakikuuliza namba?"

Akatembea hatua kadhaa. "Yona, wewe ulishika upande ule, mimi nilishika upande huu. Unataka tuseme hatukwenda?"

Chumba cha baraza kilikuwa na joto, feni inazunguka bila kusogeza hewa. Tabita alikaa mbele na gauni lake la kanisani. Elia alisimama nyuma mlangoni. Mzee Idi akaapa kwa Kurani, akataja jina lake na kazi yake.

Wakili wa mnunuzi hakuwa mkali. Alikuwa mpole, na upole wake ulinitisha zaidi. "Mzee wangu, uliwahi kuipima nyumba hii inayobishaniwa?"

"Ndiyo."

"Kwa maelekezo ya nani?"

"Ya mdai."

"Kabla au baada ya shauri hili kufunguliwa?"

"Kabla."

"Ulipata thamani gani?"

Mzee Idi akakohoa. Akaomba maji. Karani akamletea, akanywa yote, akarudisha glasi. Tabita alikuwa anamwangalia. Nadhani mpaka dakika ile aliamini kwamba mzee wa aina ile angepata njia fulani, njia ambayo wazee wanaijua.

Akaitaja namba.

Wakili akasema, "Asante mzee wangu. Sina swali lingine," akamgeukia mwenyekiti. Nyuma yangu nilisikia mlango ukifunguliwa na kufungwa. Elia alikuwa ametoka.

Nje tulikutana na Tabita kwenye ngazi. Nilitegemea matusi. Alipiga goti kidogo, kama binti aliyelelewa, akamwambia Mzee Idi, "Shikamoo mzee."  Mzee Idi akaitikia marahaba kwa sauti niliyokuwa sijawahi kuisikia kwake, akashika ukuta kushuka ngazi.

Uamuzi ulikuwa mfupi. Baraza halikusema nyumba si ya watoto. Halikusema Stefano alikuwa na haki ya kuuza. Lilisema halina mamlaka na mali yenye thamani ile, na kwamba walichokifanya hapo tangu mwanzo hakihesabiki. Ushahidi wa wazee wa ukoo, safari zao zote na kile Kigogo kilichochekesha watu, vyote vikawa kama havijatamkwa. Shauri likaondolewa, na gharama akatwishwa Tabita. Mwenyekiti akamwambia Tabita kwamba anaruhusiwa kufungua upya mahakama yenye mamlaka. Akamwambia kwa huruma, nilimwona. Lakini zuio lilikuwa ni la shauri lile, na shauri likiondoka, zuio linaondoka nalo.

Tabita alikwenda kwenye msaada wa kisheria siku hiyohiyo. Wakampokea vizuri, wakaanza kumwandalia maombi ya kusamehewa ada. Wakili wa pale alikuwa anafanya haraka kadiri alivyoweza. Mnunuzi alikuwa na katapila la kukodi.

Nilipigiwa simu nikapanda bodaboda. Nilipofika, fremu zilikuwa zimeshalala chini, milango ya chuma ya Elia imekunjwa kama madumu yaliyokanyagwa. Mnunuzi alikuwa amesimama kando, amefunga leso puani kwa vumbi. Akawaambia, "Toeni mnachotaka, mimi sina ugomvi na vyombo vyenu." Majirani wakasaidia kutoa vitanda, masufuria, cherehani. Katika haraka ile vitanda viwili vilivunjika. Tabita aliomba kitu kimoja zaidi, mlango wa mbele. Ulikuwa wa mninga, mpana, baba yao aliuchongesha kwa fundi wa Kondoa. Tukaung'oa na bawaba zake tukaupakia kwenye guta la mizigo, kisha katapila likaiangusha nyumba. Elia hakuwepo. Tangu ile siku ya baraza alikuwa analala karakana, hapokei simu ya dada yake.

Nasimama kidogo hapa niwaambie la kazi, kisha nimalize.

Baada ya kesi ile, Mzee Idi alibadilisha utaratibu wake, na nawaomba ninyi muushike hata kama ofisi zenu haziutaki. Mteja akija kuomba thamani, kabla hujapanga siku ya kwenda, muulize inatakiwa kwa ajili ya nini. Ikiwa ni kesi, mwambie palepale: usijenge, usipande, usipake rangi, usiguse. Mzee Idi alikuwa ananituma mimi mapema, bila tepu, kwenda kuwaambia hayo mpaka wadogo wa nyumbani wayasikie, kwa sababu anayekuja ofisini siyo anayeshika mwiko wa zege. Tulifanya hivyo mpaka alipofariki. Kuna watu ilisaidia. Wengine walituona tuna wivu na maendeleo yao.

Na mkisikia mtu anashauriwa kuandika namba ndogo ili ada iwe nafuu, mwambieni habari hii. Akikataa, mwambieni tena.

Sasa. Wiki zilipita. Mzee Idi aliniita akaniambia amekuwa akifikiria kile kiwanja, amekifikiria mpaka kwenye swala, Mungu amsamehe. Nyumba imeondoka, fremu zimeondoka. Kimebaki kiwanja kitupu. "Kwa hali ilivyo leo," akasema, "thamani yake imeshuka. Inaingia barazani bila shida, na ada yake ni ileile ndogo. Nenda kamwambie yule binti. Haraka, kabla yule bwana hajasimamisha jengo."

Nilimkuta Tabita kwenye chumba cha kupanga, ndani kabisa ya Nkuhungu, chumba kimoja, uani kwenye nyumba ya watu wengi. Jema na Neema walikuwa nje wanaosha vyombo. Ule mlango wa mninga ulikuwa umelazwa sakafuni juu ya matofali, umetandikwa shuka. Walikuwa wanaulalia wote watatu.

Elia naye alikuwepo. Ndiyo kwanza alikuwa amefika, bado amesimama kizingitini na furushi la chuma begani. Alikuwa amekonda. Alikuwa amechomelea miguu minne ya kitanda kutokana na mabaki ya milango ya fremu zake. Hakuna aliyekuwa amemkaribisha wala kumfukuza. Tabita alikuwa anashona, miguu inakanyaga cherehani, hajainua kichwa.

Nikasalimiwa, nikakaa, nikatoa ujumbe kama nilivyotumwa. Nilisema nyumba ikiwa haipo, mali haizidi tena kiwango. Nilisema baraza sasa linaweza kuwasikiliza.

Cherehani ikasimama.

"Kwa hiyo, baba," Tabita akasema, "tungeibomoa wenyewe tungeshinda."

 Elia aliteremsha furushi chini, chuma kikalia kwenye sakafu, akabaki ameinamisha kichwa kama anayengoja kofi. Uani wasichana waliacha kuosha vyombo.

Tabita akainuka. Akakunja shuka, akaiweka juu ya cherehani. Akainama akaushika ule mlango upande wa kichwani, akamwambia Elia, bila kumtazama, "Shika huko, tuuwekee hiyo miguu. Giza linaingia, hawa watoto watalala wapi?"